Meko ya Nyangwe: Historia ya Maniema Kutoka Uwani

Nyumba ya Waswahili ina pande mbili. Mbele kuna baraza, ambapo mwenye nyumba hupokea wageni, huwanywesha kahawa na kupatana nao bei. Nyuma kuna uwani, na uwani ndiko liliko jiko. Karibu kila tunachosoma kuhusu Nyangwe, mji wa biashara wa Maniema, mashariki mwa Kongo ya leo, uliostawi kwenye ukingo wa kulia wa mto Lualaba katika karne ya 19, kiliandikwa na watu waliokaribishwa barazani. Waliandika habari za pembe za ndovu, bunduki, mitumbwi na majina ya wakubwa. Ya uwani waliyagusia kwa kupita tu.

Lakini pembe zilikwisha na wakubwa wakaondoka, na kilichobaki Maniema ni Kiswahili. Ukitaka kujua kilibakije, fuata maneno ya uwani: jiko, meko na mafiga. Historia yake inaonyesha jinsi lugha ya pwani ilivyopata makazi zaidi ya kilomita elfu moja kutoka baharini, na ni akina nani hasa walioipa makazi hayo.

Kabla ya misafara: mawe matatu

Maneno haya hayakuhitaji msafara ili kufika Maniema, kwa kuwa jamaa zake walikuwa wameenea bara zima zamani sana. Jiko ni neno la Kibantu cha asili. Wingi wake, meko, umefuata njia ileile ya jino na meno: ma- imeungana na -iko. Wakikuyu husema riko, Wanyarwanda na Warundi husema iziko, na Waluba wa Kasai wana diku, neno linalobeba maana ya jiko na pia ya familia inayolizunguka. Figa, yaani jiwe la kuinjikia chungu, nalo lina ndugu wengi. Wanyarwanda huyaita mawe hayo amashyiga, Waganda amasiga, na pwani penyewe wapo wanaosema mafya badala ya mafiga. Lugha za wenyeji wa nchi iliyozunguka Nyangwe, Wagenya wa mtoni, Wakusu, Wazimba, na Wabangubangu wa upande wa Kabambare, nazo ni za Kibantu. Mtu wa pwani alipotaja jiko mbele ya watu hawa, alikuwa akitaja jambo waliloishi nalo tangu mababu.

Wazo la kuwa nyumba husimama juu ya mawe ya kupikia nalo lilikuwa limekwisha kuota mizizi. Buganda, ssiga, yaani figa, ni jina la tawi la ukoo. Karibu na mlango wa mto Kongo, Wakongo huzitaja koo zao tatu za asili, Nsaku, Mpanzu na Nzinga, kuwa ndizo mafiga matatu ambayo juu yake nchi yao ilipikiwa. Kutoka maziwa makuu hadi bahari ya Atlantiki, mawe ya mekoni yalikuwa lugha ya siasa kabla ya kuwapo kwa bendera.

Ukiyatazama mawe yenyewe kwa karibu, utaelewa kwa nini. Mafiga ni matatu kwa sababu chungu kikiwekwa juu ya ncha tatu hakichezi, hata udongo ukiwa na mabonde. Jiwe la nne lingekuja na fujo. Nafasi tatu zilizopo katikati ya mawe ndizo milango ya kuni. Mpishi huelekeza ncha za kuni katikati, na kadiri zinavyoungua huzisukuma ndani. Akitaka moto upungue, huzivuta nje. Chungu kikiwa kikubwa, huyasogeza mawe nyuma kidogo kwa mguu. Wala si kila jiwe hufaa. Lililotolewa mtoni laweza kupasuka kwa kishindo likipata moto, kwa sababu ya maji yaliyojificha ndani yake, na hivyo mahali pasipo mawe makavu watu hukata vipande vya kichuguu. Methali ya pwani inasema figa moja haliinjiki chungu. Wengi huitumia kusifu ushirikiano, lakini kwanza kabisa ni maelezo sahihi ya kazi.

1868 hadi 1876: soko la vyungu na kuni

Stanley, msafiri aliyepita Nyangwe mwaka 1876, aliarifiwa kuwa mfanyabiashara wa kwanza kutoka pwani kutia maskani Nyangwe alikuwa Mwinyi Dugumbi, mwaka 1868. Sababu ya kuchagua mahali hapo ilikuwa mto na soko. Wagenya walikuwa na mitumbwi na samaki. Watu wa bara walikuwa na mihogo, mawese na mazao ya shamba. Walikutana Nyangwe kila baada ya siku chache kubadilishana, na waliokuja zaidi walikuwa wanawake.

Msafiri David Livingstone aliwasili tarehe 29 Machi 1871. Alikaa miezi kadhaa akitafuta mtumbwi wa kuvukia asiupate, na kwa kuwa hakuwa na la kufanya, alikwenda sokoni kutazama. Shajara yake ni miongoni mwa maandishi machache ya wakati ule yanayowaona akina mama wa Nyangwe kwa macho ya mtu anayependezwa: wamejitwisha mizigo mikubwa ya mihogo mikavu na vyungu vya udongo, wanashindana kwa bei, wanacheka, wanabadilisha vitu vyao kwa samaki, chumvi, pilipili na mafuta. Miaka mitano baadaye, Stanley naye aliandika orodha ndefu ya bidhaa za soko hilo. Katikati ya kuku, dagaa, asali, majembe, pembe na watumwa, alitaja pia vyombo vya udongo na kuni. Chungu na ukuni vilikuwa tayari vina bei. Hiyo ni dalili ya mji: mahali ambapo mtu huishi bila kukata kuni zake mwenyewe.

Tarehe 15 Julai 1871 soko hilo lilivunjika. Watu wa Dugumbi waliingia wakiwa na bunduki. Ugomvi ulianza juu ya bei ya kuku, risasi zikafyatuliwa, na umati ukakimbilia kijito kilichojaa mitumbwi. Wengi walikufa maji. Wafanyabiashara wenyewe walikadiria waliokufa kuwa kati ya 330 na 400, na wengi wao walikuwa wanawake. Siku hiyo hiyo, ng'ambo ya mto, mfanyabiashara Mtagamoyo na watu wake walikuwa wakichoma vijiji na kukamata mateka. Livingstone aliondoka siku chache baadaye, na habari zake zilipofika Uingereza ziliongeza shinikizo lililomfanya Sultani Barghash afunge soko la watumwa la Unguja mwaka 1873.

Nyangwe kwenyewe, matokeo yalikuwa ya aina nyingine. Kila kijiji kilichoungua kilikuwa na meko yaliyokosa mwenyewe, na wanawake waliobaki hai wakapelekwa kupikia meko ya watu wengine. Hapo ndipo historia ya neno letu inapogeuka.

1874 hadi 1892: jikoni mwa waungwana

Msafiri Verney Lovett Cameron alipofika Agosti 1874, alikuta Nyangwe imegawanyika pande mbili, kila upande juu ya kilima chake, na kati yake bonde la majimaji lililopandwa mpunga. Stanley alipopita Oktoba 1876 upande mmoja ulikuwa chini ya Dugumbi, na wa pili chini ya Sheikh Abed bin Salim. Kusini-mashariki, mfanyabiashara Hamed bin Muhammed el Murjebi, aliyejulikana kama Tippu Tip, alikuwa amekwisha kuifanya Kasongo kuwa makao yake.

Wakubwa wa miji hii walijenga nyumba za mstatili zenye baraza pana. Na baraza ikaleta uwani, na uwani ukaleta jambo jipya: jikoni. Katika nyumba nyingi za bara moto uliwaka mahali pale watu wanapolala na kuzungumza. Katika nyumba ya muungwana ulitengwa, ukapelekwa nyuma, mbali na macho ya mgeni. Neno lililokuwa la mawe na moto likawa pia la mahali, na mahali penyewe pakawa na cheo chake. Kujua nani huketi barazani na nani hushinda jikoni kulikuwa ni kujua nani muungwana na nani mtumwa.

Chakula nacho kilibadilika. Mpunga ulioletwa na watu wa pwani ulishika vizuri katika mabonde ya Maniema, na wali una adabu zake. Ugali husongwa moto ukiwa chini. Wali, maji yakikauka, mpishi wa pwani hupunguza kuni na kupalia makaa juu ya kifuniko, ili uive kwa moto wa juu na wa chini. Mwanamke aliyezaliwa kando ya Lualaba alipotumwa kupika wali, alilazimika kujifunza mafundisho hayo pamoja na vitenzi vyake: kuteleka, kupalia, kuepua, kukoleza.

Hao ndio walioibeba lugha. Wafanyabiashara waliozaliwa pwani walikuwa wachache, na wengi wao walikuwa safarini. Wake, masuria na watumishi waliotoka Wakusu, Wagenya, Wazimba, Wabangubangu na makabila mengine hawakuwa na lugha moja ya mama, ila walikuwa na jiko moja. Watoto waliozaliwa katika nyumba hizo walikisikia Kiswahili kwanza uwani, kikiwa na sauti na nahau za Maniema. Waliokua katika maisha hayo, wakiwa na bunduki, kanzu na dini ya mabwana wao, waliitwa Wangwana, na lugha yao ikaitwa Kingwana. Tippu Tip aliacha habari za maisha yake kwa Kiswahili, kitabu kilichochapishwa na Heinrich Brode mwanzoni mwa karne ya 20. Ni kitabu cha baraza kutoka mwanzo hadi mwisho: vita, deni, pembe, masultani. Waliompikia hawana sura ndani yake. Lakini Kingwana hakikutoka kwenye kalamu yake. Kilitoka vinywani mwao.

1892 hadi 1894: moto wa vita na Tongoni

Dola Huru ya Kongo ya mfalme Leopold wa Pili ilimpa Tippu Tip ugavana wa Stanley Falls mwaka 1887, kwa kuwa haikuwa na nguvu za kumwondoa. Lakini pembe zilikuwa zilezile, na wanunuzi walikuwa wawili, watu wa pwani na Dola. Dola ilipoanza kuelekeza pembe zote magharibi, na Tippu Tip alipokwisha kurudi pwani, suluhu haikudumu. Vita vilianza mwaka 1892. Upande wa pwani uliongozwa na Sefu, mwana wa Tippu Tip, pamoja na Mwinyi Mohara wa Nyangwe. Upande wa Dola uliongozwa na Francis Dhanis, naye alipata nguvu baada ya Gongo Lutete, aliyekuwa upande wa pwani, kuhamia kwake.

Nyangwe ilitekwa tarehe 4 Machi 1893, na Kasongo tarehe 22 Aprili. Sidney Hinde, daktari wa jeshi la Dhanis, aliandika kuwa Nyangwe aliyoikadiria kuwa na watu wapatao 30,000 iligeuka kuwa nyumba moja kubwa yenye ngome na kambi ya askari. Kasongo ilimshangaza kwa neema yake: mashamba ya mpunga, mahindi, kahawa na miwa, na ndani ya nyumba magodoro ya hariri, mishumaa, sukari, bilauri, hata viberiti. Kiberiti ni ushahidi mdogo lakini mzuri. Katika mji ambao kina mama wa kawaida walikwenda kwa jirani kuomba kaa la moto, nyumba za wakubwa ziliweza kuwasha jiko kwa bidhaa iliyovuka bahari.

Baada ya vita, Kasongo ya kale ilihamwa na mji ukajengwa mahali pengine. Mahali pa zamani panaitwa Kasongo-Tongoni hadi leo, na katika miaka ya karibuni wanaakiolojia wamekuwa wakipachimba. Tongo ni mahali palipokuwa na makazi pakaachwa. Jina lenyewe ni la Kiswahili, na waliolitoa ni wenyeji waliobaki, si mabwana walioondoka.

1894 hadi 1960: watawala wapya, meko yaleyale

Kushindwa kwa mabwana wa Kiswahili kungeweza kuwa mwisho wa Kiswahili. Jeshi la kikoloni baadaye lilishika Kilingala, ofisi zilishika Kifaransa, na reli ya Kindu hadi Kongolo, iliyokamilika mwanzoni mwa miaka ya 1910, ilipita ng'ambo ya mto na kuiacha Nyangwe kando. Mji ukarudi kuwa kijiji. Hata hivyo lugha haikutetereka, kwa sababu haikutegemea gavana wala soko la pembe. Ilikuwa imekwisha kuwa lugha ya kumlisha mtoto.

Wamisionari waliliona hilo. Mwaka 1928, huko Wayika kwenye Lualaba, John Whitehead na L. F. Whitehead walitoa kitabu cha kufundisha Kingwana, wakikiita lahaja ya magharibi ya Kiswahili. Wazungu wengine walikidharau wakisema ni Kiswahili kilichoharibika. Wote walisahau kuuliza kimeharibiwa na nani, na jikoni mwa nani.

Kifaransa cha Kongo nacho kiliazima kutoka nyumba ya Kiswahili, lakini kiliazima upande mmoja tu. Barza, yaani baraza, limeingia katika Kifaransa cha Wakongo kama jina la veranda na la mahali pa wazee kuketi. Jiko halikuingia. Mgeni huchukua jina la mahali alipoketi.

Huko uwani, mzigo uliongezeka. Kilimo cha lazima kilipoanzishwa mwaka 1917, Maniema ilikuwa miongoni mwa sehemu za mwanzo kulimishwa pamba, na mpunga nao ukawa zao la kudaiwa. Siku za mwanamke zilichukuliwa na shamba la serikali, ilhali kuni, maji na kutwanga vikabaki vilevile. Mapishi yalijirekebisha kwa kadiri ya muda uliopo. Sombe, majani ya muhogo yaliyotwangwa, huweza kuachwa yakachemka polepole mama akifanya kazi nyingine. Na moshi unaopanda hukausha samaki waliotandazwa kwenye uchaga juu ya meko. Jiko moja hufanya kazi mbili kwa kuni zilezile.

Wakati huohuo Wamanyema walikuwa wametawanyika kuelekea mashariki, wengine kama mateka, wengine kama wapagazi na wafanyabiashara. Walitia maskani Ujiji, Tabora, Dar es Salaam, na Bujumbura katika mtaa wa Buyenzi. Lugha iliyopanda bara na misafara ikarudi ikiwa na wenyewe wapya.

Tangu 1960: jiko la chuma na mafiga ya siasa

Baada ya uhuru, vita vilirudi. Julai 1964 wapiganaji wa Simba waliitwaa Kindu. Kuanzia mwaka 1996, na zaidi baada ya 1998, Kasongo na Kabambare zilipitiwa na majeshi na makundi ya kila jina, na vijiji vizima vikakimbilia msituni. Katika hali kama hiyo sifa ya kale ya mafiga huonekana upya: mkimbizi hawezi kubeba nyumba, lakini popote palipo na mawe matatu chakula kitapikwa.

Katika miongo hiyo ya baada ya uhuru, mijini, neno lilikuwa likienda njia nyingine. Mkaa ulipochukua nafasi ya kuni, watu walihitaji jina la chombo cha bati cha kuwekea makaa. Katanga wakakiita mbabula, Kivu babula. Kenya na Tanzania wakakiita jiko tu, na Kenya, katika miaka ya 1980, jiko lenye udongo wa kufinyanga ndani ya bati likaenea nchini na kulipeleka neno hilo katika Kiingereza cha wataalamu wa nishati. Sarufi nayo ikaweka kumbukumbu ya mgawanyiko huo. Siku hizi tunasema majiko ya gesi na majiko banifu, kana kwamba wingi wa jiko ni majiko, huku meko yakibaki kwa mawe, majivu na mahali pa moto. Wingi wa zamani umebaki na wapishi wa zamani.

Maana za kijamii nazo ziliongezeka. Kijana wa Tanzania au Kenya akisema amepata jiko, ameoa. Utani huo una uchungu ndani yake, kwani unamwita mtu kwa jina la kazi aliyopangiwa. Wanasiasa wa Tanzania nao walipohimiza wapiga kura wachague rais, mbunge na diwani wa chama kimoja, waliwaita mafiga matatu, bila kujua pengine kwamba Waganda na Wakongo waliwatangulia kwa karne nyingi.

Mwaka 2024 serikali ya Tanzania ilizindua mkakati wa kutaka asilimia 80 ya wananchi watumie nishati safi ya kupikia ifikapo 2034. Kongo, kaya zaidi ya tisa katika kila kumi bado hupikia kuni au mkaa, na vijiji vya Kasongo na Kabambare vimo katika hesabu hiyo. Moshi huumiza macho na mapafu, na hakuna anayepaswa kuutetea kwa jina la mila. Mafiga yataondoka, na yakiondoka vizuri itakuwa heri.

Ila maneno yasiondoke nayo bila kuandikwa. Kamusi zetu za Kiswahili zimejaa msamiati wa Unguja na Mombasa, na Kingwana cha Maniema kimo kwa nadra, mara nyingi kikipimwa kama kosa. Vyuo vya Kongo na vyama vya Kiswahili vya Afrika Mashariki vina kazi ya kufanya hapa. Mtafiti atakayetumwa Nyangwe asiishie barazani kwa wazee, kama walivyoishia Cameron na Stanley. Apite uwani, akae na mama wanaopika, na aandike jina la kila jiwe, kila ukuni na kila kitendo cha mikono yao, kwa maana hao ndio waliokifanya Kiswahili kuwa lugha ya Maniema.